Fundo la Tano

Mgeni alifika alasiri, wanaume wakiwa bado msikitini. Hakupiga honi wala hakugonga. Alisimama nje ya lango na joho lake jeusi amelikunja mkononi, akasubiri kama mtu aliye na hakika kwamba atafunguliwa. Muzna alimwona kupitia dirisha dogo la jikoni na hakumjua. Gari lake lilikuwa na vumbi la njia ndefu, na viatu vyake vilikuwa vya mtu wa mji mkuu.

Saadi, mwana wa Muzna, aliporudi kutoka kuswali alimkuta hapo hapo langoni. Hakumuuliza jina wala alikotoka, maana hayo huulizwa baadaye, mgeni akishakula. Alimshika mkono na kumwingiza kwenye chumba cha wageni cha wanaume huku akisema maneno ambayo baba yake alikuwa akiyasema, na babu yake kabla yake: "Umefika kwako. Sisi ndio wageni."

Jikoni, Rima alikuwa ameanza kuponda iliki. Alikuwa na miaka kumi na tisa, na harusi yake na kijana wa Nayif bin Mutlaq ilikuwa baada ya mwezi wa Hija.

"Bibi, huyu ametumwa na akina Nayif," alisema. "Wanataka kusogeza tarehe."

"Nani kakwambia?"

"Kuta."

"Kuta za nyumba hii siku hizi zina simu," Muzna akasema, na mjukuu wake akacheka akiinamia kinu.

Kahawa ilipokuwa tayari, Saadi alikuja kuchukua birika. Uso wake ulikuwa na furaha. Naye alikuwa amesikia zile kuta. Muzna alimfuata taratibu mpaka nyuma ya mlango wa ndani, mahali ambapo wanawake wa nyumba ile walisimama tangu zamani kusikiliza mambo ya wanaume, akaegemea ukuta.

Alisikia kahawa ikimiminwa. Kisha akasikia kikombe kikiwekwa chini, kwenye zulia, taratibu.

"Sinywi, Bwana Saadi," mgeni akasema. "Nina haja kwako. Kahawa hii sitaionja mpaka uniambie kwamba haja yangu imepita."

Kikombe kikiwekwa chini namna hiyo, mwenye nyumba ana mawili: akubali, au mgeni aondoke na kiu yake na nyumba ibaki na jina baya mpaka kwa wajukuu. Mtu mwenye akili huchelewesha. Huita wazee, au huuliza juu ya njia, juu ya mvua, mpaka haja yenyewe ichungulie. Saadi alikuwa akifikiria tarehe ya harusi.

"Kunywa," alisema. "Haja yako imepita, Mungu akitaka, hata kabla hujaitaja."

Mgeni akanywa. Alikunywa kwa mkupuo mmoja, akatikisa kikombe kuonyesha ametosheka, ndipo akajitaja. Jina lake Jarallah, wakili, na aliyemtuma ni Nayif kweli, lakini si kwa habari ya tarehe.

"Mama yako ndiye aliyemnyonyesha Jawahir, dada yake Nayif kwa baba," alisema. "Mji mzima unajua. Na alimnyonyesha pia Suhail, mume wa Jawahir. Tunachotaka ni aje mahakamani Jumanne aseme Suhail alimnyonyesha mara tano. Basi. Mara tano, na hao wawili ni ndugu wa ziwa moja, na ndoa inavunjika yenyewe bila matusi."

Muzna alisikia saa ya ukutani.

"Lakini mama alisema ni mara nne," Saadi akasema, sauti imepungua. "Alimwambia marehemu Mutlaq, baba yake Nayif, kabla ya ndoa. Nilikuwepo."

"Miaka inapita, Bwana Saadi. Watu wazima husahau. Hakuna atakayemlaumu."

*

Jawahir alizaliwa na mama yake akafa siku hiyo hiyo. Muzna, aliyekuwa na mtoto wake mchanga wa mwisho, alimchukua kifuani kwa miezi miwili, mpaka Mutlaq alipopata mke mwingine. Suhail ilikuwa tofauti. Mama yake, Shekha, mke wa mhunzi wa mtaa wa chini, alishikwa na homa siku ya tatu baada ya kujifungua, na mtoto akaletwa kwa Muzna akilia mpaka sauti imekauka. Alikaa naye siku moja na asubuhi ya pili. Bibi yake akaja na maziwa ya kopo, akamrudisha nyumbani.

Suhail alipopeleka posa ya Jawahir, mji ulinong'ona. Mutlaq alikuwa mtu wa kabila, mwenye mti. Mti wake ulichorwa kwenye ngozi na kutundikwa chumba cha wageni: shina ni babu aliyepigana vita ambavyo hakuna aliyekumbuka sababu yake, matawi ni wanawe, majani ni majina, karne baada ya karne. Suhail hakuwa na mti. Babu wa babu yake alifika mjini akiwa na nyundo na mfuko, na mtu aliyekula kwa nyundo hakuulizwa kabila lake. Ilichukuliwa kwamba hana. Kwa vizazi vitano watu wake walitengeneza majembe, visu na mabirika ya kahawa ya watu wenye miti, wakaswali nao safu moja, bega kwa bega, unyayo kwa unyayo. Kila mwaka imamu alihubiri kwamba wote ni wana wa Adamu na Adamu ni udongo, na watu waliitikia amina na machozi yakawatoka. Kisha sala ikaisha, kila mtu akatafuta viatu vyake mlangoni, na pamoja na viatu akamkuta babu yake.

Lakini Mutlaq uzeeni alikuwa mtu wa kuogopa kaburi. Alimwita Muzna akamuuliza jambo moja tu, kama kuna maziwa kati yao. Muzna akasema mara nne, na nne haziharamishi. Mutlaq akasema basi sina la kumjibu Mungu nikimkataa kijana anayeswali na kufanya kazi. Akamwoza. Sasa Mutlaq alikuwa na mwaka kaburini.

*

"Hukuniuliza," Muzna alimwambia mwanawe mgeni alipoondoka. "Umetoa ulimi wangu kama mtu anayetoa kondoo."

Saadi alikuwa amekaa kwenye ngazi ya jikoni, kilemba begani. Alikuwa na miaka arobaini na mbili, na wakati ule alionekana kama mtoto aliyevunja sahani.

"Nilidhani ni harusi."

"Ulidhani."

"Mama, neno limetoka. Limetoka chumbani kwangu, mbele ya mgeni, na kahawa imenyweka. Unataka nimfuate nimwambie nini? Kwamba Saadi wa Muzna akisema imepita, haijapita?"

"Mwambie mama yako alikuwa na ulimi wake kabla hujazaliwa."

Ndipo Saadi akasema kile alichokuwa akikizunguka. "Nayif si shetani. Ana mabinti watatu ndani, hakuna anayebisha hodi. Kila posa inafika nusu ya njia, inauliza shangazi yao ameolewa wapi, inarudi. Anasema tukifanya kwa maziwa, hakuna anayeaibika. Mtoto wa Jawahir anabaki na jina la baba yake, sheria inamlinda. Watu watasema ni kadari. Tusipofanya, wakili ana faili la pili tayari, la mti. Watadai Suhail alimdanganya mzee kuhusu asili yake. Hapo ndipo ataaibika kweli. Na kadhi atawatenganisha vile vile."

Muzna alijua yote yale yalikuwa kweli.

"Na Rima?" aliuliza.

"Rima ndiye anaolewa na mtoto wa Nayif. Hilo sina haja ya kukueleza."

Alisimama. Mlangoni akageuka. "Halafu mama, mwenyewe uliwahi kutuambia. Ile asubuhi ya pili, kabla bibi yake hajaja. Ulimweka kifuani mara ya tano au hukumweka?"

"Nilimweka."

"Basi."

"Alilala. Ziwa mdomoni, akalala. Hakunyonya."

"Unakumbuka usingizi wa mtoto wa miaka ishirini na minane iliyopita," Saadi akasema kwa upole, "lakini jana hukukumbuka ulipoweka miwani."

Usiku na mchana uliofuata neno lile lilimtafuna. Maana kumbukumbu ni kitu laini, na mtu akiiminya kwa upole inachukua umbo la kidole chake. Alijaribu kuiona tena asubuhi ile: joto, nzi, mtoto mwekundu mwenye nywele nyingi. Alilala? Au alivuta kidogo kwanza?

Ndipo akakumbuka kwamba hakuhitaji kukumbuka. Alikuwa na kamba.

Mama yake alimfundisha alipopata mtoto wa kwanza. Katika ukoo wao ndugu wawili wa kunyonya walioana bila kujua, wakazaa watatu, kisha kikongwe mmoja akafungua mdomo karibu na kufa, na watu wale wakatengana wakilia kila mmoja upande wake wa ukuta. Tangu hapo wanawake wa ukoo ule hawakunyonyesha mtoto wa mtu bila uzi. Kila mtoto na uzi wake wa manyoya ya mbuzi, umening'inizwa kwenye kamba moja nene. Na sharti lilikuwa moja: fundo halifungwi mtoto akiwekwa, wala akianza. Linafungwa akishashiba akaachia mwenyewe. Muzna alitumia mkono wa kushoto, kwa hiyo mikia ya mafundo yake yote ilielekea kushoto. Kwenye kamba ile kulikuwa na nyuzi kumi na saba.

Yeye mwenyewe hakuwemo kwenye mti wowote. Wanawake hawaandikwi kwenye majani. Mara moja moja, akiipitisha kamba vidoleni, alifikiri kwamba huu ndio mti wake, na kwamba humu mtoto wa mhunzi na mtoto wa Mutlaq walining'inia pamoja na hakuna aliyewauliza babu.

*

Jawahir alikuja Jumapili kwa mlango wa jikoni, mtoto akiwa ndani ya buibui lake kama mtu aliyeiba mkate. Alifunua uso. Alikuwa amekonda.

"Yumma," alisema, kama alivyomwita tangu anajua kusema. Hakuwa na mama mwingine wa kumwita hivyo. "Wamekufikia?"

"Wamenifikia."

"Suhail amesema nisije. Amesema tusikutie katikati." Aliketi kwenye mkeka, mtoto akaanza kuvuta kifuniko cha sufuria. "Jana ameenda kutengeneza pampu kwenye shamba la mtu ambaye amemtengenezea miaka saba. Yule mtu ametoka nje akamwambia, pole Suhail, nimesikia umemwoa dada yako. Akicheka. Ati ni mzaha."

"Nani huyo?"

"Ukimjua utamfanya nini, utampiga na mwiko?"

"Ningeanza na mwiko," Muzna akasema, na Jawahir akacheka, kisha cheko likamgeukia, akaficha uso kwenye nywele za mtoto.

Muzna alimpa tende, hakula. Alimpa maji, akanywa.

"Sikuombi utuokoe," Jawahir akasema hatimaye. "Najua kuna lile faili la mti. Kama si Jumanne hii itakuwa nyingine. Lakini Jumanne nitakuwa peke yangu ndani ya chumba cha wanaume, na kaka yangu upande wa pili. Nakuomba mambo madogo. Uje. Ulete kamba yako kama ilivyo, niione kwa macho yangu, maana wamenisemesha mpaka nikimtazama mume wangu nahisi haramu. Na ukae karibu nami mpaka liishe. Hata likiisha vibaya."

Muzna alimtazama mtoto, ambaye alikuwa amekiweka kifuniko kichwani. Alifikiri juu ya Rima. Alifikiri juu ya Saadi kwenye ngazi.

"Nitakuja," alisema. "Na kamba kama ilivyo. Na nitakaa."

"Sema Wallahi."

"Nikisema nitakuja, unataka kiapo cha nini? Kula tende."

Akala.

Nyuma ya pazia Rima alikuwa amesimama na sinia mkononi. Kwa muda gani, Muzna hakujua.

*

Jumatatu jioni Muzna alifungua sanduku. Kamba ilikuwepo, lakini haikukunjwa kama alivyoikunja. Alikaa chini ya taa, akatafuta uzi wa Suhail, wa kumi na mbili kutoka mwanzo. Vidole vyake vilihesabu kabla ya macho.

Matano.

Alihesabu tena. Manne ya kwanza yalikuwa magumu kama punje za ngano, meusi, yamelainika kwa miaka ya kupapaswa. La tano lilikuwa limevimba, rangi ya manyoya bado mpya ndani yake, na mkia wake ulielekea kulia.

Kwanza hakuwa na hasira. Alimwona Saadi na mikono yake mikubwa akihangaika na kiuzi chembamba, mtu ambaye hakuwahi hata kushona kifungo. Huenda alipiga bismillahi. Huenda aliamini kabisa kwamba anarudisha kilichokosekana.

Angeweza kulifungua. Sindano moja, pumzi tano, na lingekwisha. Saadi asingesema kitu, angesemaje? Jumanne kadhi angehesabu manne, jambo lingekwisha kwa heshima, na hakuna ambaye angejua mwana wa Muzna aligusa nini. Alichukua sindano. Aliisogeza.

Mkono ukakataa. Mkono huu ndio uliofunga yale mengine, na kama leo ungefungua moja kwa siri, kesho ungetofautiana vipi na ule uliofunga moja kwa siri? Uzi ulioguswa usiku na mtu mmoja ni uzi wa uongo. Ulioguswa na wawili ni uzi wa uongo mara mbili. Na alikuwa amemwambia Jawahir: kama ilivyo. Wakati ule hakujua ilivyo ni vipi. Sasa alijua.

Alirudisha sindano kwenye kitambaa chake.

Asubuhi Saadi alikuja chumbani kwake akiwa amevaa joho.

"Utakuja nami?" alimuuliza. "Ukija nami, ni kusema tano. Kama huwezi kusema, usije, baki hapa. Nitasema unaumwa. Wakili amesema uzi peke yake na maneno yangu kwamba ulitusimulia yanaweza kutosha."

Alinyoosha mkono aombe kamba.

"Kamba haitoki mkononi mwangu," Muzna akasema. "Nimeihesabu jana, Saadi."

Mkono wa Saadi ukabaki hewani. Uso wake ukajaa damu, kisha damu ikaondoka yote. Aliushusha mkono, akatoka, na Muzna akasikia ufunguo wa lango la mbele ukizunguka kwa nje, mara mbili.

Alivaa buibui. Alifunga nikabu. Alikaa ukingoni mwa kitanda, kamba mapajani, akasikiliza nyumba.

"Bibi." Rima alikuwa mlangoni. Macho yake yalikuwa mekundu, lakini sauti ilikuwa ya kawaida, ile sauti yake ya jikoni. "Baba kaniambia nifunge na mlango wa nyuma. Nimesahau."

"Umesahau."

"Watu wanasahau katika nyumba hii. Hujasikia?"

Muzna alimshika kidevu. "Unajua nikipita mlango huo, harusi yako inabaki upande huu."

"Najua."

"Unamtaka yule kijana?"

Rima alichelewa kujibu. "Namtaka," alisema. "Tulizungumza mara moja tu, siku ya kutazamwa, akamwaga chai. Namtaka, bibi." Akafuta pua kwa kiganja. "Nenda kabla jua halijapanda."

*

Alitembea. Mahakama ilikuwa ng'ambo ya mji, baada ya soko la tende na uwanja wa magari, na miguu yake ilikuwa imeshazoea gari la Saadi. Njiani alipumzika mara mbili kwenye kivuli cha ukuta. Mwanamume mmoja muuza kuku alimwambia, "Mama, unakwenda wapi na jua hili, nikuitie mwanao?" Akamjibu kwamba mwanawe ametangulia.

Chumba kilikuwa kidogo na baridi. Kadhi alikuwa mtu mnene wa miwani, amechoka tangu asubuhi. Upande mmoja Nayif na Jarallah, na kando yao Saadi. Upande wa pili Suhail, mikono juu ya magoti, mafuta ya pampu bado kwenye mistari ya kucha. Nyuma yake Jawahir peke yake na mtoto. Muzna alipoingia, Jawahir alisogea kwenye benchi, ingawa benchi zima lilikuwa tupu.

Kadhi alimwita mbele. Alimuuliza jina, jina la baba, jina la babu. Akamkumbusha kwamba ushahidi wa mnyonyeshaji mmoja mwaminifu unatosha, na kwa hiyo amche Mungu.

"Uliwanyonyesha hawa wawili?"

"Wote wawili."

"Huyu mwanamke?"

"Miezi miwili. Baada ya mafundo ishirini niliacha kuhesabu, hakukuwa na haja."

"Na huyu mwanamume?"

"Mara nne."

Nayif alipumua kwa nguvu. Jarallah alisimama, akaongea kwa adabu ile ile ya siku ya kahawa. "Mheshimiwa, bibi huyu ni mkweli na tunamheshimu, ila umri una haki yake. Amekuja na kamba ambayo mji wote unaijua. Tunaomba ihesabiwe."

Kadhi alinyoosha kiganja. Muzna alimpa, ameshika uzi wa kumi na mbili. Kadhi aliuinua karibu na miwani, akahesabu kwa ukucha, akahesabu tena.

"Naona matano, mama."

Suhail aliinamisha kichwa. Mtoto alikuwa akigonga benchi kwa kisigino. Muzna alihisi macho ya watu wote, lakini yeye alimtazama mmoja tu, Saadi, na Saadi alikuwa akitazama zulia. Alimkumbuka akiwa na miaka sita, amelala mlangoni kwake siku Muzna alipofiwa na baba yake mzazi, akisema hatatoka hapo mpaka yeye alale. Lilikuwa neno la mtoto, na alikuwa amelitimiza.

"Ni matano," alisema. "Manne ni ya mkono wangu, tazama mikia yake, yote kushoto. Na nyuzi zote kumi na saba utakuta hivyo hivyo. La tano ni jipya. Linaelekea kulia." Alilionyesha kwa kidole. "La tano limefungwa na mwanangu Saadi, wiki hii, sanduku likiwa chumbani kwangu. Alikuwa ametoa neno kwa mgeni, akaogopa kulivunja. Ningeweza kulifungua nisikuonyeshe. Niliahidi kuileta kama ilivyo."

Kadhi aligeuza kamba, uzi baada ya uzi. Ilichukua muda mrefu.

Saadi alisimama. Hakumtazama mtu. Alivua joho, akalikunja juu ya mkono kama mtu anayetoka msibani, akaenda mlangoni. Nayif alimwambia akipita, bila kupandisha sauti, "Mwambie binti yako tumesitisha." Saadi aliitikia kwa kichwa. Baada ya muda, nje, gari liliwashwa, na Muzna aliijua injini ile kama anavyojua kikohozi cha mtu wa nyumbani. Iliondoka.

"Dai la maziwa limeanguka," kadhi akasema, akiandika.

Suhail alifunika uso kwa mikono yake yenye mafuta. Lakini Jarallah alikuwa tayari amefungua mkoba. Alitoa faili la pili, na pamoja nalo mrija mrefu wa ngozi iliyoviringishwa. Nayif aliushika upande mmoja, yeye upande wa pili, wakaukunjua juu ya meza mpaka ukafunika karatasi za kadhi: shina, matawi, majani mengi ya kijani, kila jani mwanamume.

"Unaweza kwenda, mama," kadhi alimwambia Muzna. "Hili halikuhusu."

Muzna alichukua kamba yake ukingoni mwa ule mti. Alirudi kwenye benchi, akaketi pale ambapo Jawahir alikuwa amemwachia nafasi, akaiweka kamba mapajani mwa Jawahir, uzi wa kumi na mbili juu. Jawahir aliupapasa kwa kidole kimoja, mafundo manne, kisha akasita kwenye la tano, akaliacha.

"Nenda, yumma," alinong'ona. "Utachelewa. Nani atakurudisha nyumbani?"

"Sijui," Muzna akasema, akampokea mtoto. "Nilisema nitakaa."